Jina Mwanakupona: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Watu wengi wamelikuta jina hili darasani, kwenye somo la fasihi, kabla ya kulisikia likiitwa kibarazani. Ukilitaja, msikilizaji hukumbuka papo hapo Utendi wa Mwana Kupona, lile shairi refu la karne ya 19, kana kwamba Mwanakupona ni jina la kitabu. Ni jina la mtu: la kike, la Kiswahili mwanzo hadi mwisho, na wazazi wanaotafuta jina la binti huuliza mara kwa mara kama bado linafaa. Linafaa sana. Majibu haya yameandikwa na mtu anayelipenda na asiyetaka libaki vitabuni tu.

Mwanakupona maana yake nini?

Jina lina vipande viwili, mwana na kupona. Kupona kila msemaji wa Kiswahili anakujua: ni kutoka katika ugonjwa ukawa mzima, au kusalimika katika jambo ambalo lingekumaliza. Aliyelazwa akainuka amepona. Aliyepinduka na chombo baharini akafika pwani naye amepona. Maana zote mbili zimo ndani ya jina, ile ya afya na ile ya usalama.

Kipande cha mwana ndicho kinachowachanganya watu, na kinastahili swali lake.

"Mwana" hapa ni mtoto au ni bibi?

Kwa asili ya jina hili, ni bibi.

Katika Kiswahili cha zamani, hasa cha visiwa vya Lamu, Mwana lilikuwa neno la heshima lililotangulia jina la mwanamke wa watu, mwenye nyumba yake na nasaba yake, kama vile Bwana lilivyotangulia jina la mwanamume. Angalia tu mshairi aliyelifanya jina hili lijulikane: yeye aliitwa Mwana Kupona, mumewe akaitwa Bwana Mataka. Mizani ni ileile. Kwa hiyo jina lake hasa lilikuwa Kupona, na Mwana ni heshima aliyovishwa juu yake. Leo tungesema Bi Kupona.

Lakini lugha haikusimama hapo. Kadiri miaka ilivyopita, heshima ile iliganda kwenye jina, vikawa kitu kimoja, na wasemaji wa bara ambao hawakuwa na desturi ya kusema Mwana Fulani wakaanza kusikia "mtoto wa kupona", yaani mtoto aliyezaliwa kukawa na kupona. Usomaji huo wa pili si wa kudharau. Majina kama Mwanaidi na Mwanajuma huelezwa hivyo hivyo, mtoto wa Idi na mtoto wa Ijumaa, na hakuna anayeona ajabu. Ukimpa binti yako jina hili unaweza kumweleza maana zote mbili. Mimi ningeanza na ile ya bibi, kwa sababu ndiyo ya kwanza na ndiyo inayosahaulika.

Si jina la Kiarabu?

Hapana. Hili huulizwa kwa sababu mshairi alikuwa Mwislamu, aliandika kwa herufi za Kiarabu, na majina mengi ya pwani yametoka Uarabuni. Lakini vipande vyote viwili ni vya Kibantu.

Chukua kupona pekee. Ndani ya Kiswahili liko pamoja na ndugu zake: poa, poza, pona, ponya. Chai ikipoa, joto limeondoka. Jeraha likipona, ule moto wa maumivu umeondoka. Ukitoka nje ya Kiswahili unawakuta jamaa wengine wa ukoo huo. Mkikuyu husema hona kwa kupona, na tofauti ya p na h hapo ni ya kawaida kati ya lugha hizi mbili. Mzulu husema phola kwa kupoa na pia kwa kidonda kupona. Mchewa husema pola, kwa maana zilezile mbili. Mshona wa Zimbabwe ana neno kupona kama lilivyo, herufi kwa herufi, na kwake ni kuokoka, kubaki hai. Kwa hiyo mtu wa Harare akisikia jina Mwanakupona, sehemu ya pili anaielewa bila mkalimani.

Mwana nalo limeenea vivyo hivyo. Ni wachache katika lugha za Kibantu wasio na neno linalofanana nalo kwa maana ya mtoto. Kilichofanywa na Waswahili wa kaskazini ni kulipandisha cheo likawa heshima ya mwanamke.

Jina hili lilianzia wapi?

Kadiri tunavyolijua kwa maandishi, kwao ni kisiwa cha Pate, katika visiwa vya Lamu, pwani ya kaskazini ya Kenya. Kisiwa hicho kina miji ya kale ya Pate, Siyu na Faza. Desturi ya kumtangulizia mwanamke neno Mwana ilikuwa na nguvu sana huko, na ndiyo maana historia ya Pate imejaa wanawake wa namna hiyo. Yuko Mwana Khadija aliyetawala Pate katika karne ya 18. Yuko Mwana Darini, ambaye habari za Pate zinamtaja kuwa ndiye aliyetengenezesha siwa, baragumu kubwa la heshima, ya pembe ya ndovu kwa ajili ya sherehe ya mwanawe. Siwa ya Pate ya pembe imehifadhiwa katika makumbusho ya Lamu. Mombasa nayo ina simulizi ya Mwana Mkisi, malkia anayetajwa kuwa mwanzo wa mji kabla ya Shehe Mvita.

Nawataja hawa kwa makusudi. Mtu akikuambia kwamba Mwana ni neno la kumwita mwanamke mtoto, mtajie wanawake hawa.

Mwana Kupona mwenyewe alikuwa nani?

Alikuwa Mwana Kupona binti Mshamu, mzaliwa wa Pate, mshairi wa karne ya 19. Tunajua mahali alipozaliwa kutoka kwake mwenyewe: katika beti za mwisho za utendi wake anataja jina lake, anataja Pate kuwa ndiko alikozaliwa, na anataja mwaka wa kutunga, 1275 wa Hijria, ambao ni kama 1858 kwa hesabu ya Kizungu. Ni desturi ya watunzi wa tendi kujitambulisha hivyo mwishoni, nasi tuna bahati kwamba naye aliifuata.

Aliolewa na Bwana Mataka, mkuu wa Siyu. Siyu ulikuwa mji wa wanazuoni na mafundi, uliosifika kwa kazi za mbao na ngozi na kwa nakala za Kurani zilizoandikwa kwa mkono. Ulikuwa pia mji mgumu kutawaliwa. Sultani Said bin Sultan wa Zanzibar alitaka kuutia chini ya mkono wake, na Bwana Mataka ni katika wale waliomkatalia. Majeshi ya Sultani yaliyopelekwa huko katika miaka ya 1840 yalirudi na hasara. Mwana Kupona aliishi ndani ya mambo hayo, akiwa mke wa mtu aliyeyaongoza.

Utendi aliutunga kama wasia kwa binti yake, Mwana Hashima. Bwana Mataka alikuwa ameshafariki. Yeye mwenyewe alikuwa mgonjwa: mwanzoni tu anamwambia binti kwamba maradhi yamemshika hata mwaka umetimia, na hakupata nafasi ya kumwambia neno jema. Mtu aliyeitwa Kupona, ameugua mwaka mzima, anatumia nguvu alizobakiwa nazo kumwachia mwanawe maneno. Alifariki miaka ya 1860.

Kuna kitu kidogo katika beti hizo za kwanza ambacho napenda kila mzazi anayelifikiria jina hili akisome. Mama anamwita binti asogee, aketi, na anamwambia aje na wino na karatasi. Basi huyu ni mama anayejua kwamba binti yake anajua kuandika, katika kisiwa cha Pate, mwaka 1858. Haoni haja ya kulieleza. Kwake ni jambo la nyumbani. Ukitaka kujua jina hili limetoka katika nyumba ya namna gani, wino na karatasi vinakutosha.

Mbona utendi wenyewe unasisitiza utii kwa mume? Je, jina halitambebesha binti yangu mzigo huo?

Swali hili huulizwa zaidi na akina mama vijana, na ni swali la haki. Ni kweli kwamba sehemu kubwa ya utendi inamfundisha binti jinsi ya kuishi na mume kwa upole, usafi na utii, na kwamba furaha ya mume inahusishwa humo na malipo ya akhera. Wasomi wamebishana sana juu ya jambo hilo. Wapo wanaouona kama kitabu cha kumfunga mwanamke. Wapo wanaosema kwamba mama mwenye akili alikuwa anamfundisha bintiye namna ya kujipatia amani na heshima katika dunia ileile aliyokuwa nayo, na kwamba nyuma ya upole ule kuna ujuzi mwingi wa kumwendesha mtu bila yeye kujua.

Mimi naegemea upande wa pili, lakini hata ukiegemea wa kwanza, jina halibebi mashauri ya utendi. Kupona ni jina alilopewa na wazazi wake kabla hajajua kusoma herufi moja. Walioandika baadaye ndio waliolifungamanisha jina na mafunzo ya ndoa hata likawa kama anwani yake. Isitoshe, katika wasia huo mume hayuko peke yake. Dini inatangulia. Kuna adabu ya ulimi, kuna kuwakirimu watu, kuna kuwasaidia wenye shida, na kuna dua ndefu ya kufungia. Na juu ya yote kuna mwanamke aliyeshika kalamu, akatunga beti zipatazo mia moja kwa vina na mizani visivyoyumba, akaweka jina lake chini ya kazi yake. Binti akirithi hilo, amerithi jambo kubwa.

Kwa nini mtu ampe mtoto jina la kupona?

Waswahili, kama jirani zao wengi, hutazama mazingira ya kuzaliwa. Aliyezaliwa usiku huitwa Chausiku. Aliyezaliwa mvua ikinyesha huitwa Mwanamvua. Aliyekuja wakati wa dhiki alipewa jina la Shida, Tabu au Mashaka, na mama aliyekuwa amekata tamaa ya kupata mtoto alimwita wake Sikudhani. Jina lilikuwa kumbukumbu ya siku ile, na familia nzima iliweza kuisoma kila likiitwa.

Katika utaratibu huo Kupona linaeleweka haraka. Huenda mama aliponea chupuchupu wakati wa kujifungua. Huenda mtoto alizaliwa dhaifu akaimarika. Huenda ndugu waliomtangulia hawakukaa, naye akakaa. Na jina huweza kutolewa kama dua pia, kabla ya jambo lenyewe kutokea: mtoto aitwe Kupona ili apone.

Leo sababu hizo hazijaondoka. Wodini wamejaa akina mama waliolala na watoto njiti vifuani mwao, ngozi kwa ngozi, wakihesabu gramu moja moja hadi daktari aseme sasa nendeni nyumbani. Kwa mama wa namna hiyo, sioni jina la Kiswahili linalosema yaliyompata kwa ukamilifu zaidi ya hili. Wengi huchagua Baraka au Neema, majina mazuri, lakini hayo yanaweza kusemwa juu ya mtoto yeyote. Kupona ni la aliyepitia.

Liandikwe neno moja au mawili?

Kwa mshairi wa Pate, andika maneno mawili: Mwana Kupona, au kwa ukamilifu Mwana Kupona binti Mshamu. Ndivyo alivyojulikana, na kuyatenga maneno kunaonyesha kwamba Mwana ni heshima.

Kwa mtoto anayezaliwa leo, andika neno moja: Mwanakupona. Sababu ni ya kikaratasi tu. Fomu za leo zina visanduku vitatu, cha jina la kwanza, la kati na la ukoo. Ukiandika maneno mawili, karani au kompyuta itaweka Mwana katika kisanduku cha kwanza na Kupona katika cha pili, na binti yako ataitwa Mwana tu kwenye kadi ya kliniki, kwenye cheti cha shule na kwenye pasipoti, huku jina la baba likisukumwa nje. Kurekebisha baadaye ni safari za ofisi na viapo. Majina ya aina hii yameshaungana zamani: hakuna anayeandika Mwana Idi au Mwana Hamisi kwenye cheti.

Usiweke kistari katikati, na usiandike K kubwa ndani ya neno.

Hutamkwaje?

Kama maneno yote ya Kiswahili yalivyo, mkazo uko kwenye silabi ya pili kutoka mwisho: Mwa-na-ku-PO-na. Anayekijua Kiswahili hatapata taabu. Walio ughaibuni watakutana na walimu na wauguzi wasioweza kuanza na "mw". Wafundishe kulitamka kwa pumzi moja, bila kupachika irabu kati ya m na w. Wakishindwa kabisa, Kupona kila mtu analiweza.

Likiandikwa kwa herufi za Kiarabu inakuwaje?

Hili huulizwa na jamaa walioko Oman na nchi za Ghuba, na pia na wapenzi wa hati za kale. Tatizo ni mbili. Kiarabu hakina herufi ya p, na irabu zake za kuandikwa ni tatu tu, hivyo u na o huchukua alama moja. Waandishi wa zamani wa pwani waliandika Kiswahili kwa herufi hizo hizo, na wengi wao walitumia ba mahali pa p. Ukiliona jina hili kwenye hati ya namna hiyo, macho ya Mwarabu yatasoma kitu kama "kubuna". Msomaji wa Kiswahili ndiye anayejua kwamba hapo pana p na o, kwa sababu lugha anayo tayari kichwani.

Baadaye waliingia waandishi waliotumia pe yenye nukta tatu, inayotumika katika Kiajemi na Kiurdu, na hiyo ndiyo ninayopendekeza mtu akitaka kulichora jina vizuri kwenye kadi ya harusi au ukutani. Kwa hati rasmi za Ghuba, ambako pe huenda isikubalike, kubali ba na uhakikishe tahajia ya herufi za Kilatini ni sahihi, maana hiyo ndiyo itakayolinganishwa na pasipoti.

Ni jina la Waislamu tu?

Halina neno lolote la dini ndani yake. Limebebwa na Waislamu kwa sababu Waswahili wa Pate ni Waislamu. Mkristo akilichagua hakuna anachokiuka. Wokovu na uponyaji ni maneno ya kila Jumapili kanisani.

Kwa upande wa Uislamu, wazazi wengine huhofia kwamba jina lazima liwe la Kiarabu. Sharti linalozingatiwa ni maana njema, isiyomshirikisha Mungu wala kumdhalilisha mtoto. Kupona ni maana njema kuliko majina mengi ya Kiarabu ambayo watu huyachukua kwa utamu wa sauti bila kuuliza. Na mwanamke aliyelibeba aliweka wasia wa dini kabla ya wasia mwingine wowote.

Majina mengine ya "Mwana" ni yapi?

Ni mengi, na yametoka katika mikondo miwili ambayo ni vizuri kuijua.

Mkondo wa kwanza ni wa heshima, ambapo Mwana limetangulia jina lililo kamili: Mwanaisha au Mwanaasha kwa Aisha, Mwanahawa kwa Hawa, Mwanakombo kwa Kombo. Mwanakupona limo humu.

Mkondo wa pili ni wa wakati na tukio: Mwanajuma aliyezaliwa Ijumaa, Mwanahamisi wa Alhamisi, Mwanaidi wa siku ya Idi, Mwanamvua wa mvua, Mwanavita wa wakati wa vita. Mengi ya haya yamefupika kinywani, na Mwajuma limekuwa la kawaida zaidi ya Mwanajuma lenyewe, hasa Tanzania.

Jambo la heshima kugeuka jina halikuishia kwenye Mwana. Siti ni neno la Kiarabu la kumwita mwanamke mwenye heshima, na mwimbaji mkubwa wa taarabu wa Unguja, aliyezaliwa Fumba akapewa jina la Mtumwa, ndilo alilokuja kujulikana nalo, Siti binti Saad. Kutoka Mtumwa hadi Siti ni safari ndefu. Bi nalo limeganda hivyo hivyo katika Bimkubwa na Bimize.

Kwa kifupi aitweje nyumbani?

Kupona. Ndilo jina lenyewe hasa, ni silabi tatu, na lina utamu wake. Nyumba nyingine zitamwita Mwana, nalo lina faida kwamba bibi wa Lamu akilisikia ataona mtoto amepewa heshima yake mapema. Akiwa mtu mzima ataitwa Bi Kupona bila shida yoyote. Ningewashauri wazazi wasilikate likawa Mwanaku, maana hapo maana imetoka yote.

Kwa nini ni adimu hivi?

Sababu ni kadhaa. Ya kwanza ni ile niliyoanza nayo, kwamba kitabu kimelifunika. Mwaka 1934 Alice Werner na William Hichens waliutoa utendi huo kama kitabu pamoja na tafsiri ya Kiingereza, ukaingia katika usomi wa Kiswahili na hatimaye katika mafunzo ya fasihi. Tangu hapo jina likawa la kunukuliwa. Watu huona haya kidogo kumwita mtoto jina la mtu mashuhuri aliye peke yake. Mtoto huyo hapati wa kufanana naye kwa jina.

Ya pili ni mitindo. Majina ya Kiswahili chenyewe yamerudi nyuma mbele ya majina ya Kiarabu kwa Waislamu na ya Kizungu kwa Wakristo. Chausiku na Sikudhani nayo yamebaki zaidi kwa mabibi. Ya tatu ni kwamba desturi ya Mwana kama heshima imefifia hata pwani, na kijana asiyelijua hilo husikia jina refu tu lenye neno "mtoto" mbele.

Sababu zote tatu zinaweza kuondolewa na familia moja yenye nia. Binti mmoja akiitwa Mwanakupona katika shule ya msingi, wenzake thelathini au hamsini wanakua wakijua kwamba hilo ni jina la mtu anayecheza rede.

Liko la kiume?

Mwana kama heshima ni la mwanamke, kwa hiyo Mwanakupona ni la kike moja kwa moja. Mzazi anayetaka maana hiyo kwa mvulana afikirie Salim au Salama. La pili huitwa kwa jinsia zote.

Kuna majina ya kike yenye maana iliyo karibu?

Yapo. Salama na Salma yanagusa usalama. Shifaa ni uponyaji kwa Kiarabu, nalo ndilo lililo karibu zaidi kimaana. Mwanakheri lina umbo lilelile na limebeba heri. Faraja ni kupata nafuu baada ya dhiki, na mapacha wakiitwa Faraja na Mwanakupona wangependeza, ingawa mmoja angelalamika urefu wa jina lake kila siku ya mtihani.

Tahadhari kidogo kuhusu Salme. Wengine hulipanga hapa kwa sababu ya Sayyida Salme, binti wa Sultani Said yuleyule aliyepigana na Siyu. Ni jina la Kiarabu, la ukoo mmoja na Salma, na uhusiano wake na Kupona ni wa maana tu. Salme na Mwana Kupona, mabinti wa lugha moja, walikuwa wa pande mbili za vita.

Tumeamua. Tufanye nini ili jina lisiharibike kwenye cheti?

Liandikeni kwenye karatasi kwa herufi kubwa kabla ya kwenda hospitali, MWANAKUPONA, bila nafasi, na mkabidhi karatasi hiyo badala ya kulitamka dirishani. Kenya uzazi husajiliwa ndani ya miezi 6, na Tanzania Bara ndani ya siku 90. Ukipitisha muda huo unaingia katika usajili wa kuchelewa, wenye maswali zaidi na malipo zaidi. Kabla ya kutia sahihi someni herufi moja moja. Makosa yanayotokea kwa majina marefu ya namna hii ni kuangushwa kwa silabi, likawa Mwakupona, au kutengwa vipande viwili. Kosa likionekana siku hiyo hiyo hurekebishwa kwa kalamu. Likionekana mtoto anapoandikishwa mtihani wa darasa la saba, litawatoa jasho.